Risala ya Nyangi

Kila asubuhi kabla ya kwenda shule, Nyangi alifagia uwanja, akachota maji bombani, kisha akampelekea baba yake mkubwa chai. Baba mkubwa Silasi alikuwa fundi seremala. Karakana yake ilikuwa palepale mbele ya nyumba, mtaa wa Mukendo, mjini Musoma, na chai yake aliinywa akiwa amekaa juu ya kitanda ambacho hakijapakwa vanishi, miguu ikiwa ndani ya maranda ya jana. Pembeni ya kikombe mkewe, mama mkubwa Jeska, aliweka vidonge vya presha kwenye kisosi. Silasi alivichukua, akashukuru, akasubiri mkewe arudi jikoni. Kisha akavitia mfukoni mwa shati.

Nyangi aliliona jambo hilo kila siku. Alikuwa na miaka kumi na miwili na macho yake yalikuwa mazima kabisa. Aliondoa kikombe, akakisuuza, akavaa viatu, akaenda shule. Jumamosi alipofua mashati alivikuta vile vidonge vimelainika mfukoni, akavimwaga pamoja na maji machafu. Hakushtuka. Tangu baba yake mzazi alipozikwa, miezi michache kabla, Nyangi alikuwa hashtuki.

Si kwamba alikuwa na huzuni, kama watu walivyodhani. Huzuni ni kitu, na yeye hakuwa na kitu. Ugali wa muhogo haukuwa mtamu wala mbaya, ulikuwa ugali tu. Wenzake walipocheka darasani alielewa kwamba jambo fulani linachekesha, lakini kicheko kilimfikia kama redio ya jirani, kikielekezwa kwa mtu mwingine.

Kijijini kwao Mugeta, siku ya mazishi, hakudondosha hata chozi moja, na watu wazima walimsifu sana. "Huyu mtoto ana moyo," walisema. Aliyemsifu kuliko wote alikuwa Silasi, kaka wa marehemu. Baada ya matanga alimwomba mama yake Nyangi amwachie msichana aje asome mjini, mama abaki na wadogo na shamba la pamba. Watoto wa Silasi na Jeska walikuwa watu wazima, na wa kwanza wao, Miriamu, alikuwa ameolewa Bunda, kwa hiyo nafasi ilikuwepo. Nyangi aliambiwa afunge nguo zake, akazifunga. Aliambiwa apande basi, akapanda.

Shuleni aliandikishwa darasa la sita. Mwalimu Luhende, aliyefundisha Kiswahili, alimvumilia wiki kadhaa. Alikuwa mwalimu mrefu mwenye sauti ndogo, na kwa sababu hiyo wanafunzi walimsikiliza kuliko walimu wanaofoka. Siku moja alimwita Nyangi mezani kwake.

"Alhamisi baada ya vipindi utakuja kwenye Klabu ya Wasemaji," alimwambia.

"Sawa, mwalimu."

"Huniulizi kwa nini?"

"Hapana, mwalimu."

"Basi hiyo ndiyo sababu," alisema Mwalimu Luhende, akaendelea kusahihisha madaftari.

Klabu ilikutana katika chumba cha darasa la saba. Mwenyekiti alikuwa Rafaeli, mvulana wa darasa hilo, ambaye alifunga tai kila Alhamisi ingawa tai haikuwa sehemu ya sare ya shule. Mwaka uliotangulia alikwenda Butiama kwenye mashindano ya shule, na mpaka sasa hakuna aliyeweza kukaa naye kwa nusu saa bila kusikia habari za Butiama. Mtunza muda alikuwa Safina, binti wa muuza vitenge, ambaye darasani alikaa dawati moja na Nyangi. Safina alikuwa na kengele ya baiskeli, na aliipenda kazi yake kupita kiasi.

Klabu ilikuwa na desturi. Mwanachama mpya hakupewa muda wa kuzoea. Siku ya kwanza tu alisimama mbele akazungumza kwa dakika mbili juu ya jambo lolote analolijua. Desturi hiyo waliiita kufungua mdomo. Wengine waliwahi kulia, na mmoja aliwahi kutoka nje kwa kisingizio cha kwenda chooni asionekane tena hadi wiki iliyofuata.

Nyangi hakulia wala hakutoka nje. Alisimama wima, mikono nyuma, akaanza bila kutetemeka.

"Mheshimiwa mwenyekiti wa klabu, mheshimiwa katibu, mheshimiwa mtunza muda, mheshimiwa mwalimu mlezi, waheshimiwa wanachama wa klabu, waheshimiwa viranja wote mliopo na wale ambao kwa sababu mbalimbali hawakuweza kufika..."

Wanachama walitazamana. Msichana huyu wa kijijini alikuwa na kipaji. Rafaeli aliiweka tai yake vizuri.

"... mheshimiwa mwakilishi wa darasa la saba, mheshimiwa mwakilishi wa darasa la sita, kamati ya chakula, kamati ya mazingira, mlinzi wetu, wapishi wetu, mabibi na mabwana..."

Safina akapiga kengele. Dakika mbili zilikuwa zimekwisha, na Nyangi alikuwa hajamaliza kusalimia. Chumba kizima kiliangua kicheko, na kutoka siku hiyo Rafaeli alimwita Mama Itifaki. Nyangi alirudi kukaa. Hakuona aibu. Aliona tu kwamba dakika zimepita bila mtu kuumia.

Hakuna aliyemwuliza alikojifunzia. Alijifunzia mazishini. Siku ile wazungumzaji walikuwa wengi na jua lilikuwa kali. Mwenyekiti wa kijiji alimtaja mwakilishi wa diwani, mwakilishi wa diwani akamtaja mwenyekiti wa kijiji, na katibu wa chama cha ushirika cha pamba akawataja wote wawili, akaongeza mchungaji, wazee wa ukoo, kamati ya jeneza na kamati ya maji. Kila mmoja alipomaliza kutaja alijikuta hana tena la kusema, akasema kwamba marehemu Isaya alikuwa mchapakazi na kwamba ni mapenzi ya Mungu, akakaa. Nyangi, akiwa mstari wa mbele karibu na jeneza, aliyashika yote neno kwa neno. Kichwa chake siku hiyo kilikuwa wazi kama ghala ambalo pamba yake imekwisha kuuzwa, na chochote kilichotupwa humo kilibaki.

Alhamisi iliyofuata alipunguza salamu, akabakiwa na dakika moja. Akaijaza kwa misitu. Alisema misitu ni muhimu, hutupatia mbao, kuni na mvua, na tusipoitunza nchi itakuwa jangwa. Alisema vizuri, bila kusita, na safari hii kengele ilimkuta ameshamaliza.

"Salamu nimezisikia," alisema Mwalimu Luhende kutoka nyuma ya darasa. "Na misitu nimeisikia, ipo kwenye kitabu cha sayansi, karibu na picha ya mkaa. Wewe bado sijakusikia."

"Ndiyo, mwalimu."

"Unajua kwa nini? Unasema na watu wote. Anayesema na watu wote hasemi na mtu. Ukisimama hapa, tafuta mtu mmoja ambaye unataka akusikie, useme naye. Sisi wengine tutasikiliza tu kwa pembeni, kama watu wanavyosikiliza majirani wakigombana."

Wanachama walicheka. Nyangi alisubiri wamalize.

"Na kama sina mtu, mwalimu?"

"Utampata," alisema Mwalimu Luhende. Kisha akatangaza habari za siku ya wazazi. Mwaka huu klabu ingesoma risala kuhusu afya, kwa kuwa nesi kutoka zahanati angekuja siku hiyo kuwapima wazazi presha. Kila sehemu ya risala ingekuwa na msemaji wake.

Rafaeli alichukua malaria kabla mwalimu hajamaliza sentensi. Wengine wakachukua usafi wa choo, maji ya kuchemsha na kichocho cha ziwani. Presha ilibaki.

"Presha ni ngumu, mwalimu," Rafaeli alilalamika. "Haina mbu, haina kikohozi. Utaielezaje?"

Kikao kikaisha hivyo. Siku hiyo zamu ya kufagia ilikuwa ya Nyangi na Safina. Walifagia kila mtu na upande wake.

"Haiumi," alisema Nyangi ghafla.

"Nini hicho?"

"Presha. Haiumi. Baba alikuwaga anasema hasikii kitu, akawa anavitupa vidonge kwenye pamba."

Safina aliacha kufagia. Tangu waanze kukaa dawati moja, alikuwa hajapata kumsikia Nyangi akisema maneno mengi hivyo yasiyokuwa vyeo vya watu.

"Kwenye pamba kivipi?"

"Tukishavuna tunaichambuaga nyumbani, chafu pembeni, safi kwenye gunia, ndiyo inapelekwa kuuzwa. Mimi na mama tunachambua, nakuta kidonge. Cheupe ndani ya pamba nyeupe, hukioni, mpaka ukishike. Kesho nakuta tena. Mama alidhani nimeokota kete za wadogo. Mimi nikamwuliza baba, akasema nisimwambie mama, yeye ameshapona. Halafu siku moja akaanguka wakati anashona gunia."

Alisema hayo huku akiendelea kufagia, kwa sauti ileile ya kutaja kamati ya mazingira. Safina hakujua auweke wapi uso wake.

"Na sasa ba'mkubwa naye anaviweka mfukoni," Nyangi aliongeza.

"Umemwambia mama mkubwa wako?"

"Nitamwambiaje? Nitakuwa nimesema ba'mkubwa ni mwongo. Mtoto humwambii mtu mzima hivyo."

"Nyumbani humwambii," alikubali Safina. "Hata mimi baba yangu namwamkia, nampa maji ya kutawadhia, basi. Lakini kwenye risala tunawaambiaga. Mwaka jana tulisema habari ya pombe, na kuna mzee alikuwa amekaa mbele kabisa amelewa. Hakumgusa mtu. Alipiga makofi."

"Kwa nini apige makofi?"

"Sasa angefanya nini? Ni risala."

Safina alisema kweli. Hakuna aliyeiandika sheria hiyo mahali popote, lakini kila mtu aliijua. Mtoto ambaye nyumbani hainui macho mbele ya mkubwa, akivaa sare na kusimama mbele ya wageni siku ya wazazi, anaweza kuwaambia watu wazima mambo ya choo, ya pombe na ya michango ya chakula wasiyotaka kuyasikia, nao wakatingisha vichwa na kumpongeza. Siku inayofuata ruhusa hiyo imekwisha, na mtoto anarudi kutumwa chumvi.

Kesho yake Nyangi alikwenda mwenyewe ofisi ya walimu kuomba sehemu ya presha.

"Umempata mtu?"

"Nimempata, mwalimu."

Mwalimu hakuuliza ni nani. Alimwambia aandike, aje asome, aandike tena. Nyangi aliandika na kufuta kwa wiki nzima. Kila mapumziko alisimama nyuma ya darasa na Safina akamshikia kengele. Mara ya kwanza alirudi kwenye salamu akabaki hukohuko. Mara nyingine alisema kila kitu haraka haraka, kama anayetaja majina ya mito, na Safina akamwambia hakusikia chochote ila pamba.

Rafaeli, aliyewasikia, alitoa ushauri bila kuombwa. "Mambo ya ndani hayaanikwi, Mama Itifaki. Ba'mkubwa wako akikasirika, kesho uko kwenye basi la kurudi kwenu. Hata Butiama nilikuwa mwangalifu."

Hilo Nyangi alikuwa ameshaliwaza. Silasi akikasirika, angemrudisha Mugeta, na Mugeta mama hakuwa na nguvu za kumsomesha. Na asiposema, siku moja angetoka na kikombe cha chai na kumkuta Silasi amelala kwenye maranda. Aliyapima mambo hayo mawili kwa utulivu, kama mtu anayepima mchele wa mtu mwingine. Hakuona hofu upande wowote. Aliona tu kwamba upande mmoja una mtu hai, hata kama amekasirika. Akaamua kusema, na akaamua kwamba hatamtaja.

Siku ya wazazi ilikuwa Ijumaa. Maturubai yalifungwa uwanjani na viti vikaazimwa kanisani. Silasi hakutaka kuja, alikuwa na kabati la mteja. Lakini Jeska alilipiga pasi koti la Silasi la Jumapili, akaliweka juu ya lile kabati, na mume wake akaelewa. Alikaa mstari wa tatu, akaanza kuzichunguza nguzo za turubai kama fundi anavyochunguza kazi ya mwenzake.

Rafaeli alisema juu ya malaria kwa muda mrefu, akiwa na takwimu nyingi, na mbu wake alishangiliwa. Kisha akaitwa Nyangi.

"Mheshimiwa mgeni rasmi, mheshimiwa mwenyekiti wa kamati ya shule, mheshimiwa mwalimu mkuu, waheshimiwa walimu, waheshimiwa wazazi na walezi, mheshimiwa nesi kutoka zahanati..."

Maneno yalitoka yenyewe, moja likilivuta jingine. Yalikuwa maneno salama. Angeweza kuendelea nayo mpaka kengele, akae, apigiwe makofi, arudi nyumbani kupika. Akamtazama Silasi. Silasi alikuwa bado anatazama nguzo, na mkono wake ulikuwa unagusa mfuko wa shati, kama mtu anayehakikisha kwamba simu yake ipo. Nyangi akanyamaza.

Watu walidhani amesahau, na mama mmoja akaanza kumpigia makofi ya kumtia moyo.

"Itifaki imezingatiwa," alisema Nyangi, kama wanavyosema wakubwa wanapochoka kutaja. Watu wakacheka. Silasi naye akacheka, akageuka kumtazama. Basi Nyangi akasema naye.

"Baba yangu aliitwa Isaya. Alilima pamba Mugeta. Alikuwa na presha, akapewa dawa, akazitumia mpaka akajiona amepona. Kichwa hakimuumi, jembe analishika, chakula anakula. Akaacha. Hakumwambia mama. Alivitupa vidonge kwenye pamba, na mimi nikawa navikuta wakati wa kuchambua. Nilipomwuliza aliniambia, sisikii kitu, mwanangu."

Kicheko kilikuwa kimekwisha. Nyangi hakupandisha sauti wala hakurusha mikono kama alivyofanya Rafaeli.

"Siku aliyoanguka alikuwa anashona gunia. Mdomo ulikwenda upande, hakuongea tena. Kwenye mazishi watu wengi walizungumza. Walisema alikuwa mchapakazi, na ni kweli. Hakuna aliyesema habari ya vidonge. Kwa hiyo kama pale palikuwa na mtu mwenye presha, alirudi nyumbani bila kuambiwa.

"Tangu siku ile, mimi pia sisikii kitu. Watu wanasema nina moyo. Sina. Nakula, naenda shule, nafagia, lakini sisikii kitu, na najua mimi si mzima. Ndiyo maana nasema, mtu asiposikia kitu asiseme amepona. Aende akapime. Akipewa dawa, anywe. Na kama anaziweka mahali, mtoto wake ameshaziona. Asanteni kwa kunisikiliza."

Safina alikuwa amesahau kengele. Mgeni rasmi alivua miwani akaifuta, ndipo makofi yakaanza, kwanza huku na kule, kisha uwanja mzima. Nyangi aliutazama mstari wa tatu. Kiti cha Silasi kilikuwa kitupu.

Alirudi kukaa kati ya wanafunzi. Alifikiria basi la kurudi, nguo zake zilikokuwa, na jinsi ya kuzifunga. Safina alimshika mkono, naye akauacha ushikwe.

Ratiba ilipokwisha Jeska alimjia moja kwa moja, akipita kati ya viti.

"Nyangi, nijibu. Vidonge unavyovijua ni vya marehemu tu?"

Nyangi aliinamisha uso, asiseme ndiyo wala hapana. Jeska alikuwa ameishi na mume wake miaka mingi, na hakuhitaji jibu refu zaidi ya hilo.

"Yuko wapi?"

Walimtafuta getini, hayupo. Walimtafuta barabarani. Mwisho wakamkuta nyuma ya darasa la kwanza, kwenye meza ya nesi. Wazazi wengine walikuwa bado wanagombania soda, kwa hiyo alikuwa peke yake, koti limetundikwa kwenye kiti, mkono wa kushoto umefungwa kipimo. Nesi Consolata alikuwa anapima kwa mara ya pili.

"Hii namba siipendi, mzee," alisema nesi. "Dawa unakunywa kweli?"

Silasi alimwona mkewe, na nyuma yake akamwona Nyangi.

"Sinywi," alisema. "Vidonge naviweka mfukoni. Kliniki nilikuwa naendaga nasema nakunywa. Na huyu mke wangu nimemdanganya kila asubuhi. Mdogo wangu amekufa kwa jambo hilihili, na mimi nimerudi kutoka kumzika nikaendelea. Nilijisikia mzima."

"Ulijisikia mzima kwa sababu dawa zilikuwa zinafanya kazi," alisema nesi Consolata akimfungua kipimo. "Ukaziacha, presha ikapanda kimyakimya. Haina kawaida ya kuaga. Leo hii unakwenda hospitali, usiseme kesho. Na hivyo ulivyovikusanya mfukoni usivimeze kwa pamoja ukidhani unafidia. Wakuangalie kwanza, wakupangie."

"Hasira zangu nitakupa nyumbani, Baba Miriamu," alisema Jeska. "Sasa hivi natafuta bajaji." Akaondoka mbio kuelekea barabarani.

Silasi alibaki na mkono wa shati umekunjwa hadi juu ya kiwiko. Hakumtazama Nyangi usoni.

"Mbona hukuniambia nyumbani?"

"Ungenirudisha Mugeta."

"Jana labda ningekurudisha," alisema. "Pale kwenye kiti niliona watu wote wananitazama. Nikatoka kwa aibu. Nimefika hapa nyuma ndiyo nikajua hakuna aliyekuwa ananitazama. Ni wewe tu. Hukunitaja hata jina."

Alinyoosha mkono achukue koti. Ulikuwa mkono mnene, wenye mshipa mkubwa kwenye kiwiko, na kovu la utotoni ambalo yeye na Isaya walilipata siku moja kwa panga moja, wakichunga. Nyangi alikuwa hajapata kuuona mkono huo bila shati. Ulikuwa mkono wa baba yake. Aliutazama, na kitu kikaanza kumbana kifuani, chini kabisa, kikapanda kooni. Alidhani anataka kutapika. Kisha akasikia sauti, akachelewa kutambua kwamba ni yake.

Alilia kwa nguvu, mdomo wazi, kama mtoto mdogo. Safina aliyekuwa anachungulia kutoka kona ya darasa alitaka kukimbilia, lakini Mwalimu Luhende alimshika bega akamzuia. Silasi aliliacha koti likaanguka. Akapiga goti moja chini, akamvuta Nyangi, na msichana akaliloanisha shati lake lote.

"Lia, mwanangu," alisema Silasi. "Mazishini nilikusifu kwa sababu hukulia. Nilisema huyu ana moyo, huyu ameshapona kabla yetu sote. Nilikupima vibaya, kama nilivyojipima mwenyewe. Mtu anayeumwa akinyamaza hajapona, amenyamaza tu. Sikiliza. Ukiona kitu nyumbani kwangu, niambie nyumbani kwangu. Hata kama ni mimi mwenye kosa. Usingoje risala."

Nyangi alitikisa kichwa kukubali. Kifua kilikuwa kinamuuma kweli, macho yanawaka, na kamasi zilikuwa zimemjaa. Bajaji ikapiga honi upande wa getini, na Jeska akaita kutoka ndani yake. Silasi alisimama taratibu, akaanza kuokota koti, kulikung'uta vumbi, kulikunja vizuri kama mtu ambaye hana haraka na hospitali.

"Ba'mkubwa," alisema Nyangi katikati ya kwikwi, "acha koti. Panda bajaji."

Silasi alimtazama. Akaliacha koti kwenye kiti, akaenda kupanda.